Kulia Mbele ya Kamera Yangu Mwenyewe

Nilimkatalia Osée mara tatu. Ya kwanza nikiwa nimesimama, ya pili nimekaa juu ya sanduku la kamera, ya tatu nikiwa nafuta vumbi kwenye lenzi ili asione uso wangu. Mwongozaji mwingine angeenda zake. Osée amekulia nyuma ya kaunta ya duka la baba yake, watu wa Butembo, na huko alijifunza kwamba hapana ya kwanza ni salamu tu.

"Yaya Djamila," aliniambia, yaani dada mkubwa, "Exaucée hatarudi. Alipanda boti jana, iko njia ya Kinshasa. Bon, scène yake ya matanga inabaki. Nani atalia?"

"Tafuta mutu iko na njaa. Atalia vizuri."

"Wenye njaa ni wengi, yaya. Mama Machozi ni mumoja."

Loo! Angemtukana babu yangu kaburini ningemsamehe upesi zaidi. Jina hilo nimelibeba miaka ishirini. Katika kila filamu ndogo iliyopigwa Kisangani, zile za kupigwa siku sita na kuonyeshwa kwenye ukumbi wa parokia, kama kuna mama wa mwizi, ni mimi. Mke aliyefukuzwa, mimi. Mjane aliyenyang'anywa nyumba na mashemeji, mimi tena, na kitambaa kilekile kichwani. Sokoni wauza pondu, majani ya muhogo, walikuwa wakiniita, "Mama Machozi, lia kidogo tukuongezee!" Nami nilikuwa nacheka, kwa kuwa nilidhani ni sifa.

Kisha mama yangu akafa. Malika binti Zakaria, muuza samaki, mkali wa swala na mkali zaidi wa mizani. Alizikwa siku ileile, kama desturi yetu Waislamu, na wanawake wakajaa uani kwetu. Nilipofungua kinywa nilie, kaka yangu Yusufu alinishika bega akasema mbele ya wote, "Djamila, usituletee filamu hapa." Wanawake wawili walicheka ndani ya mitandio yao. Niliwaona. Nikafunga kinywa, na tangu siku hiyo, miezi saba sasa, sijalia hata kwa kukata kitunguu. Kilio kimekwama kooni kama mwiba wa samaki.

Kabla ya hapo nilikuwa nikienda na kurudi. Filamu hii niko mbele naigiza, filamu ijayo niko nyuma nashika kamera, kwa sababu katika sinema yetu hii ya mikono mitupu kila mtu hufanya kila kitu, na niligundua nina jicho. Lakini baada ya matanga ya mama niliapa: mbele sirudi. Nyuma ya kamera uso wangu unapumzika. Hakuna anayeniangalia, wote wanaangaliwa nami. Na kwa filamu hii ya Osée tulikubaliana mapema, kwa maneno ya kueleweka, kwamba kwa mara ya kwanza jina langu litaandikwa kwenye picha. Mpiga picha, Djamila Asumani. Si kwenye orodha ya waliao.

Sasa ananiambia nikae tena kwenye mkeka. Na kamera apewe nani? Apewe Faustin, mpiga video wa arusi, mtu mwema lakini mkono wake hautulii. Akiona ua anasogeza picha karibu, akiona keki anasogeza karibu zaidi. Nilijua itakavyokuwa. Watu watasema filamu ilipigwa na Faustin, na Mama Machozi alilia humo kama kawaida yake. Wiki tano za kubeba miguu ya kamera juu ya toleka, baiskeli za kubeba abiria, za kuchaji betri kwenye maduka ya watu, za kusubiri jua litoke nje ya wingu, zote zitapita kama hazikuwako.

Nilikuwa nimechoka, wallahi. Magoti yalikuwa yamechoka, macho yalikuwa yamechoka. Lakini filamu bila matanga yale haikuwa na mwisho, na filamu isiyo na mwisho haiandikwi jina la mtu yeyote. Uwanja tuliopewa ulikuwa wa mjomba wake Osée, Tonton Télesphore, na alitupa siku mbili tu kabla magunia yake hayajafika. Maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga.

"Sikiliza," nilimwambia Osée. "Nitakaa pale. Lakini kadre ninaweka miye. Miye nachagua kinachoingia kwenye picha na kinachobaki nje, nafunga kila kitu, kisha Faustin anabonyeza kitufe kimoja na kutoa mukono. Akisogeza kamera hata kidole kimoja, naamka."

"D'accord, yaya."

Alikubali upesi mno. Nilipaswa kushtuka.

Asubuhi nilifika mapema nikakuta wamekwisha kutandaza turubai uani. La bluu! Anayekaa chini ya turubai la bluu, jua likipita juu, sura yake inakuwa ya maiti, na sisi katika hadithi tulikuwa na maiti mmoja tu, hakuhitajika wa pili. Nikauburuta mkeka hadi ukingoni, karibu na ukuta uliopakwa chokaa, ambapo mwanga ulirudi mweupe na mpole. Nikamkalisha Faustin mahali pangu, nikaingia nyuma ya kamera, nikatoka, nikamwinua, nikakaa mimi, nikarudi kuangalia. Nilifanya hivyo mara kumi. Nani mwingine angenipimia? Ukiwa mbele na nyuma kwa siku moja, miguu inafanya kazi ya watu wawili.

Kadre ilikuwa nzuri: mkeka upande wa kushoto, nafasi wazi kulia, na nyuma kabisa lango la uwanja. Ila lango lilikuwa la bati lenye kutu, halina uhai. Nikasema, "Leteni makuti ya mchikichi, tuyapange pale langoni. Picha inataka kijani."

Kosa ni langu, silikani. Hapa kwetu makuti ya mchikichi langoni ni barua ambayo hata asiyejua kusoma anaisoma: humu kuna msiba, ingia. Nimezaliwa Kisangani, nina miaka arobaini na minne, nimepita makuti kama hayo nisiyoweza kuyahesabu. Lakini siku hiyo nilikuwa na jicho la kamera, na jicho la kamera liliona kijani tu. Ni Tonton Télesphore peke yake aliyeshika kichwa.

"Munaita kifo ku parcelle yangu!" alilalamika. "Osée, baba yako akisikia atasema nini?"

"Ni cinéma, tonton."

"Kifo kinajua cinéma?"

Tukaanza. Wanawake wanne tuliowaalika walikaa nyuma yangu. Faustin akabonyeza, akatoa mkono kama alivyoagizwa. Osée akapaza sauti, "Action!" Nami nikalia.

Nililia sauti tu. Sauti ninayo, ni kazi, inapanda na kushuka ninavyotaka. Machozi hayakuja. Osée akasema turudie. Tukarudia. Nikapakwa dawa ya kuchua chini ya macho, ile inayowasha. Macho yakawa mekundu na makavu kama ya mtu aliyepuliza moto wa kuni mbichi. Faustin, Mungu amrehemu angali hai, akasema, "Zamani ulikuwa unafungua tu kama bomba."

Mara ya tatu waliingia wanawake wawili nisiowajua, kila mmoja na kibao chake cha kukalia. Hawakuuliza kitu. Walikaa, wakafunga vitambaa vyao vizuri, wakaanza kulia. Nyuma yao akaja mzee mmoja, akavua kofia.

"Marehemu ni nani?" alimuuliza Osée kwa sauti ya chini.

"Ni mama ya huyu pale," Osée akamjibu, akinionyesha mimi.

Kwenye hadithi ilikuwa kweli. Na nje ya hadithi pia, lakini yeye hakulifikiria hilo. Nilimwonyesha kwa macho: waambie! Waambie ni filamu! Akaja akainama sikioni mwangu.

"Waache, yaya. Wanalia vizuri kuliko wale wetu. Kesho nitawaeleza."

"Osée, watu wamekuja na huruma yao. Hiyo huichezei."

"Mara moja tu. Alafu, yaya, tafazali... fikiria mama yako."

Nilikunja ngumi. Kama hatungekuwa mbele ya watu ningempiga, na mimi si mtu wa kupiga. Uchungu wangu si chumvi ya kuchotwa na kila apikaye. Nilitaka kuinuka, nichukue kamera yangu, niende nyumbani nikalale siku tatu. Lakini alikwisha kurudi nyuma na kusema "Action", Faustin alikwisha kubonyeza, na mimi, punda wa mazoea, nikainamisha kichwa nikaanza kutoa ile sauti yangu tupu.

Ndipo nikasikia ukunga kutoka langoni. "Yooo! Malika ee! Malika!"

Hakuna aliyekuwa akiitwa Malika katika filamu ile.

Nikageuza kichwa. Alikuwa Mama Marthe. Mama Marthe aliuza kwanga, mikate ya muhogo, kando ya mama yangu sokoni miaka kumi na minane, mwavuli mmoja juu yao wawili, yeye Mkatoliki wa Opala na mama Mwislamu wa hapa mjini. Walitaniana kutwa: huyu anamwambia mwenzake nguruwe wako atakupeleka motoni, yule anajibu basi nitakuchomea samaki hukohuko. Alikuwa amekwenda kwao Opala tangu kabla mama hajaugua. Nguo yake ilikuwa na matope ya bandarini na begani alikuwa angali na furushi la safari.

Baadaye alinieleza: alishuka kwenye boti asubuhi hiyo, mwanamke wa kwanza aliyemsalimia akamwambia, "Unajua Malika amekufa?" Hakungoja kuuliza lini. Akashika njia ya nyumbani kwetu. Akiwa njiani akaona makuti, akachungulia, akaniona mimi nimekaa chini nalia. Angedhani nini kingine?

Aliutupa mzigo chini, akapita katikati ya watu, akaja kukaa kando yangu, pale nilipoacha nafasi wazi. Akakivuta kichwa changu kifuani pake. Alinuka moshi na samaki mkavu, harufu ileile ya meza yao ya sokoni.

"Nimekawia, mwanangu," alisema. "Nimekawia. Hakuna mutu alinituma habari. Muto Lomami iko mbali."

Nilitaka kumwambia. Kinywa kilifunguka nimwambie, mama, hii ni filamu, nisamehe. Yeye akaendelea, akinipapasa kichwa kama mtoto mchanga.

"Mama yako alikuwa ananiambia, ule mutoto yangu Djamila analia kwa ajili ya watu wote wa mugini. Anamaliza machozi yake kwa misiba ya uongo. Siku yangu, Marthe, atabakiza yangu kweli? Miye nilimwambia, Malika, usiwe na woga, atabakiza."

Basi. Ule mwiba ukatoka. Sikulia kama ninavyojua kulia. Hakukuwa na kupanda wala kushuka, kamasi zilitoka, nilimng'ang'ania yule mama nguo yake nikamlowesha, nikasema "mama, mama" kama kwamba neno lingine sikuwahi kufundishwa. Sikujua kama kamera iko. Nililia miezi saba yote pale kwenye mkeka wa Tonton Télesphore.

"Coupe!" Osée akapiga kelele. "Coupe! Formidable, yaya! Formidable!"

Na watu wetu wakapiga makofi.

Mama Marthe aliinua kichwa. Akaangalia makofi yanatoka wapi. Katika maisha yake yote hakuwahi kuona matanga yanayopigiwa makofi. Akamwona Faustin, akaiona kamera juu ya miguu yake mitatu. Yule mzee akavaa kofia yake, akatoka bila kuaga, na wale wanawake wawili wakachukua vibao vyao wakamfuata. Mmoja alitema mate langoni. Alikuwa na haki.

"Hii matanga ni ya uongo?" Mama Marthe aliniuliza.

"Ni ya filamu, mama."

"Na Malika? Iko hai?"

Alivyouliza! Uso wake uliwaka kidogo, akangoja. Nikalazimika kumuua mama yangu mara ya pili.

"Alikufa, mama. Miezi saba sasa."

"Saba?" Kisha akauliza kwa sauti ndogo, "Na nyumbani kwenu wanasema nini juu yangu?"

Ningeweza kumdanganya. Lakini siku ile uongo ulikuwa umetosha. Nikamwambia kwamba Yusufu alihesabu wanawake wa sokoni, na walikuja wote isipokuwa Marthe, na kwamba jambo hilo bado linasemwa. Kwetu mtu asiyefika kwenye matanga ya rafiki yake huulizwa habari hiyo mpaka siku ya matanga yake mwenyewe. Mama Marthe hakujitetea. Aliokota furushi lake, akalipangusa vumbi taratibu.

Mimi niliinuka nikaenda kwenye kamera, nikamsogeza Faustin. Alikuwa hajagusa kitu, namshukuru. Nikaangalia tulichopiga. Jamani, nisiseme uongo: sijawahi kupiga picha nzuri kama ile. Ukuta mweupe, lango na makuti yake nyuma, Mama Marthe anaingia mdogo kwa mbali na furushi begani, anakuja, anakua, anakaa kwenye ile nafasi wazi barabara. Mpiga picha ndani yangu alifurahi. Mtoto wa Malika akaweka kidole kwenye kitufe cha kufuta.

Osée aliona kidole. Akapiga magoti kwenye udongo, na suruali yake safi.

"Yaya, nakuomba. Ile njo filamu yote."

"Ile ni mama yangu, Osée. Niliacha kulia mbele ya ndugu zangu kwa sababu walisema nacheza filamu. Sasa nimelia kweli, mara moja, na unataka watu wakae ukumbini wapige makofi waseme, Mama Machozi anajua kazi? Yusufu atasema si niliwaambia? Hapana. Nilie kwa ajili yako mara mia za uongo, sawa. Hii siitoi."

Hata yeye alielewa. Hapo Mama Marthe akasogea, akakitazama kile kioo kidogo nyuma ya kamera.

"Mu hii mashine, miye niko naonekana?"

"Unaonekana, mama."

"Sura yote?"

"Yote. Tangu langoni."

"Na kulia kwangu kunasikika?"

"Kunasikika."

Akafikiri. "Basi usifute."

"Mama, watasema tulikuwa tunacheza."

"Waseme. Miye nilikosa siku ya Malika, sina siku ingine ya kulia mbele ya watu. Ni hii tu." Alinishika ule mkono uliokuwa kwenye kitufe, hakuuvuta, aliushika tu. "Na weye, usiogope kaka yako. Ulilia, miye niliona. Nilikuwa pale."

Katika miezi saba hakuna aliyeniambia neno hilo. Nilisimama pale na mkono wangu ndani ya mkono wake, nimechoka mpaka kwenye mifupa, na kidole kikaondoka chenyewe. Nikaizima kamera.

Osée akainuka akipangusa magoti. Alitaka kushukuru, nikamkataza. Nikamwambia alete daftari lake lile la majina ya mwisho wa filamu, aandike sasa hivi mbele yangu.

"Picha, Djamila Asumani," nikamwambia. "Hapo kwa mama analia, usiandike jina la mutu."

"Lakini yaya, watu watauliza ni nani."

"Waulize."

Aliandika, akaacha mstari mmoja mtupu. Mama Marthe alikuwa amesimama nyuma yake akifuatisha biki kwa macho, ingawa kusoma hajui.

"Ya kwangu uandike," alisema. "Marthe Bolumbu. Useme nilitoka Opala, na boti iliharibika siku mbili njiani."

Osée akaandika yote, hata ile ya boti.